"Mwalimu, sioni kitu": kutafuta kasoro kwenye hadubini ya darasani

Mwanafunzi wangu mmoja aliwahi kuchora mistari minene myeusi iliyopinda kama mundu, akaikoleza vizuri kwa penseli, akaandika chini yake: "Seli za kitunguu, zimekuzwa mara 400." Zilikuwa kope zake. Nilimpa maksi mbili, maana walau alichora alichokiona. Wenzake wa meza ya pili walichora seli zilizojaa kloroplasti, zile chembe za kijani za majani, na kitunguu kile nilikinunua mwenyewe sokoni. Ngozi ya ndani ya kitunguu maji haina kloroplasti hata moja. Hao walichora kitabu.

Miaka ya kusimamia maabara imenizoesha jambo moja: mtoto akisema "Mwalimu, hadubini hii mbovu", mara nyingi hadubini ni nzima. Kasoro iko kwenye mwanga, kwenye slaidi, au kwenye mikono iliyokimbilia lenzi kubwa kabla ya ndogo. Na kasoro hiyo huipati kwa kuzungusha kila kitu kwa mpigo. Sogeza sehemu moja, tazama nini kimefuata, ndipo usogeze nyingine. Anayezungusha vyote pamoja akibahatika kupata picha hajui ameipataje, na kesho ataipoteza tena.

Kwanza tuelewane majina. Hadubini si darubini. Darubini ni ya kutazamia mbali, ingawa mtaani zote huitwa hivyo. Ya shule ina lenzi ya jicho juu, kwa kawaida ya 10x. Chini yake kuna kichwa kinachozunguka chenye lenzi za 4x, 10x, 40x na pengine 100x. Kisha jukwaa la kuwekea slaidi, chini ya jukwaa kondensa (lenzi ya kukusanya mwanga) na diaframu ya kupunguza mwanga, na chini kabisa kioo au balbu. Pembeni kuna skrubu kubwa ya kufokasi haraka na ndogo ya kumalizia. Ukuzaji ni kuzidisha tu: lenzi ya jicho ya 10x na ya chini ya 40x zinakuza mara 400.

Giza tupu, au duara lenye giza upande mmoja

Anza na kichwa kinachozunguka. Lenzi ikikaa mahali pake husikika "tik" ndogo, na mkono huihisi. Isipokaa, mwanga unagonga chuma. Ikikaa nusunusu utaona duara lenye kivuli upande mmoja, kama mwezi mchanga. Kivuli kikibaki hata baada ya "tik", geuza kioo kidogo kidogo. Kivuli kikihama, umempata mwizi. Kisipohama, chungulia chini ya jukwaa uone kama kondensa au kichujio kimekaa upande.

Halafu diaframu. Darasa la kipindi kilichopita huiacha imefungwa, na anayefuata hudhani balbu imeungua. Kama hadubini yako ina balbu, tazama pia kile kigurudumu cha kuongeza mwanga: huachwa sifuri. Soketi ya ukutani nadhani sina haja ya kuitaja, ila nimeshaikuta imezimwa mara nyingi kuliko ninavyopenda kukiri.

Za kioo zina ujanja wake. Kioo kina nyuso mbili, mmoja bapa na mmoja uliobonyea. Hadubini yenye kondensa itumie uso bapa. Isiyo na kondensa itumie uliobonyea, maana huo ndio unaokusanya mwanga. Elekeza kwenye anga jeupe la dirishani. Usielekeze kwenye jua lenyewe hata kwa utani, jicho litaungua. Ukichungulia ukaona nondo za dirisha na tawi la mwembe, hiyo si sampuli, ni dirisha lenu: shusha kondensa kidogo, au bandika karatasi nyeupe kwenye kioo cha dirisha ili mwanga utawanyike.

Siku ya mawingu mazito, au umeme ukikatika, tochi ya simu iliyolazwa chini ya jukwaa inatosha. Ifunike kwa karatasi nyeupe, la sivyo utaona nukta ya taa badala ya mwanga uliotandazwa.

Mwanga upo tele, sampuli haipo

Hapa ndipo saa nyingi za maabara hupotelea. Mtoto haoni kitu, anaongeza mwanga. Bado haoni, anaongeza tena, mpaka duara linang'aa kama bati jipya. Anafanya anachofanya akisoma kitabu usiku, na kitabuni ni sahihi. Kwenye hadubini ni kinyume, kwa sababu seli nyingi hazina rangi. Mwanga unazipita kama unavyopita maji.

Nenda ufukweni saa sita mchana utafute nyayo kwenye mchanga mkavu. Utaziona kwa shida. Rudi jioni jua likiwa limelala, kila unyayo una kivuli chake. Kufunga diaframu kunafanya kazi inayofanana na hiyo: kingo za seli zinatokeza. Kwa hiyo ukiwa kwenye 4x, funga diaframu polepole huku ukichungulia. Kuna mahali ambapo kuta za seli za kitunguu hujitokeza zote kwa pamoja kama ukuta wa matofali. Baki hapo. Ukiendelea kufunga, kingo zitakuwa nene na nyeusi na vitu vidogo vitapotea ndani yake, kwa hiyo usizidishe.

Ukihamia 40x utahitaji kufungua diaframu tena kidogo, maana lenzi hiyo inapokea mwanga mchache zaidi. Ni jambo la kawaida, hakuna kilichoharibika.

Diaframu isiposaidia, sababu ni mojawapo ya hizi. Huenda sampuli haiko juu ya mwanga. Toa jicho kwenye lenzi, inama utazame kwa ubavu: kile kidoa cha mwanga kinapita chini ya kava slipu (kile kioo chembamba kinachofunika sampuli), au pembeni? Huenda hujafokasi kabisa, unatazama hewa iliyo juu ya slaidi. Dawa yake ni kutafuta kwanza kitu kisichoweza kukosekana. Mimi huwaambia wanafunzi waweke nukta ya kalamu ya wino mzito kwenye slaidi, kando ya sampuli, au watafute ukingo wa kava slipu. Fokasi huo ukingo mpaka uwe mstari mkali, kisha sogeza slaidi mpaka sampuli iingie. Sasa unatafuta mbele na nyuma, kushoto na kulia, bila kuhangaika na juu na chini.

Au huenda hukuweka rangi. Kitunguu kinataka tone la iodini, seli za ndani ya shavu zinataka methilini bluu. Ya shavu huchukuliwa kwa upande butu wa kijiti cha meno, mara mbili tatu bila kukwaruza damu, na kijiti kikitoka mdomoni kiende moja kwa moja kwenye kopo la dawa ya klorini. Rangi ikizidi, kila kitu kinakuwa bluu ya usiku. Usirudie kazi yote: dondosha maji ukingo mmoja wa kava slipu, weka tishu ukingo wa pili, tishu itavuta rangi na maji yatapita mahali pake.

Kwa 10x niliiona, kwa 40x imepotea

Swali hili nalipenda, kwa sababu lina majibu mengi na kila jibu lina dalili yake.

La kwanza ni duara. Ukiwa na lenzi ya jicho iliyoandikwa namba 18, yaani namba ya upana wa duara, duara unaloliona kwa 4x lina upana wa milimita 4.5. Kwa 10x linabaki milimita 1.8, na kwa 40x ni milimita 0.45 tu. Seli iliyokuwa pembeni ya duara kwenye 10x haimo tena. Haikupotea, imebaki nje ya mlango. Rudi 10x, ilete katikati kabisa, kisha zungusha.

La pili huwashangaza hata walimu: slaidi imewekwa juu chini. Kwa 4x na 10x picha inatoka safi, hakuna anayeshuku. Kwa 40x haifokasiki hata ufanye nini. Sababu ni nafasi. Lenzi ya 40x hufokasi ikiwa karibu sana na sampuli, takriban nusu milimita, na kioo cha slaidi kina unene wa kama milimita moja. Sampuli ikiwa upande wa chini, lenzi itagonga kioo kabla ya kuifikia. Gusa slaidi taratibu kwa ncha ya kalamu: kava slipu ina kingo, upande mtupu hauna.

La tatu ni ndugu yake. Kava slipu zikikaa kwenye pakiti na unyevu hugandana, na mtu huweka mbili akidhani ni moja. Unene wa moja ni kama milimita 0.17, na lenzi ya 40x imetengenezwa ikitegemea unene huo. Zikiwa mbili, picha inakuwa na ukungu au haipatikani. Sampuli nene nayo huleta hali hiyohiyo. Kipande cha kitunguu chenye nyama si sampuli, ni kachumbari. Unachotaka ni ile ngozi nyembamba inayobanduka ndani ya ganda, inayoonyesha maandishi ukiiweka juu ya gazeti.

Kama slaidi iko sawa, kava slipu moja, sampuli nyembamba, na bado haifiki, tazama hadubini yenyewe. Nyingi zina skrubu ya kizuizi nyuma ya jukwaa, iliyowekwa ili jukwaa lisipande likagonga lenzi. Mtu akiikaza vibaya, jukwaa linasimama kabla ya kufika. Pia ncha ya lenzi ya 40x ina springi. Bonyeza kidogo kwa kidole kilichofungwa karatasi ya lenzi. Inatakiwa irudi ndani na kutoka tena. Ikiwa imenasa ndani, hutafokasi mpaka itoke.

Na kama skrubu ndogo imegoma kuzunguka, usiitumie nguvu. Imefika mwisho wa njia yake. Irudishe katikati, kisha rudi 10x ufokasi upya kwa skrubu kubwa.

Hilo linanikumbusha sauti ambayo kila mwalimu wa biolojia anaijua: "krak" ya kava slipu. Hutokea mtu akizungusha skrubu kubwa huku yuko kwenye 40x. Ukiwa 40x, tumia ndogo peke yake. Na ukiwa lenzi ndogo, zoea hivi: tazama kwa ubavu huku ukipandisha jukwaa mpaka likaribie lenzi, ndipo uweke jicho na kufokasi kwa kulishusha. Ukifokasi kwa kuachanisha, hutagonga kitu.

Kuna moja tena isiyohusu mwanafunzi. Picha inafokasika vizuri, ukiachia mkono inafifia yenyewe. Jukwaa linashuka kwa uzito wake. Tafuta pete ya kukazia kando ya skrubu kubwa, ikaze kiasi tu.

Ukungu usioisha na vidoa visivyotoka

Zungusha lenzi ya jicho kwa vidole huku ukichungulia. Vidoa vikizunguka nayo, uchafu uko hapo. Visipozunguka, sogeza slaidi. Vikisogea nayo, uko kwenye slaidi. Kama bado, badilisha lenzi ya chini: vikitoweka, ulikuwa kwenye lenzi uliyoiacha. Vikibaki kwenye lenzi zote, uko kwenye kondensa au kwenye kioo cha taa, na ukipandisha au kushusha kondensa utaona vinafifia na kurudi.

Ukungu wa 40x peke yake, wakati 10x ni safi, karibu kila mara ni oili. Mtu ametumia 100x na oili yake, kisha akarudisha 40x juu ya slaidi iliyolowa. Lenzi ya 40x haikutengenezwa kuguswa na oili. Ile ya 100x nayo kinyume chake: bila oili inatoa ukungu. Kioo hupinda mwanga kwa kipimo cha kama 1.52, oili nayo hivyohivyo, lakini hewa ni 1 tu. Mwanga ukitoka kwenye kioo kuingia hewani hupinda, na miali ya pembeni haiifikii lenzi. Ndiyo maana wanaopima malaria kwenye zahanati hawaachi chupa ya oili.

Kutaka kuona kama lenzi ya chini ina uchafu, chomoa lenzi ya jicho, igeuze, itumie kama kioo cha kukuzia. Utaona alama ya kidole kama ramani. Futa kwa karatasi ya lenzi na tone la dawa yake, kuanzia katikati kwenda nje. Shati, kitambaa cha meza na pindo la khanga vina mchanga usioonekana, na mchanga hukwaruza. Lenzi usiifungue ndani. Nimeona aliyefungua, na vile vipande vya vioo havikurudi kwenye mpangilio wake.

Vitu vinavyochorwa sana ambavyo si seli

Viputo vya hewa ndivyo vinara: duara kamili, ukingo mnene mweusi, katikati kweupe kabisa. Seli haiwi na mpaka mweusi kiasi hicho. Huja kwa kudondosha kava slipu kama sahani. Isimamishe kwa pembe ukingo mmoja uguse maji, kisha ilaze taratibu kwa sindano.

Nyuzi za pamba ni ndefu, zimejisokota, hazina kuta za kukatiza. Kope unazijua sasa, hupepesa ukipepesa. Vinyoya vinavyoelea na kuteleza ukigeuza jicho, hata slaidi ikiwa imetulia, viko ndani ya jicho lako mwenyewe. Karibu kila mtu anavyo, na diaframu iliyofungwa sana huvifanya vionekane zaidi.

Kisha kuna "vidudu". Mwanafunzi ameweka tone la maji ya bwawani, anapiga kelele kwamba vyote vinatembea. Tazama vinakwendaje. Vikienda vyote upande mmoja, kama watu wanaotoka msikitini, ni maji yanayosogea kwa sababu yanakauka ukingoni, ongeza tone. Vikitetemeka papo hapo bila kwenda kokote, ni chembe zinazosukumwa na molekuli za maji, jambo aliloliona Robert Brown mwaka 1827 akitazama chembe zilizotoka kwenye chavua. Chenye uhai huenda, hukata kona, hukwepa. Ukiona paramesiamu akigonga uzi na kurudi nyuma, hutahitaji kuuliza.

Naisukuma kulia, inakwenda kushoto

Ndivyo ilivyo. Lenzi zinageuza picha juu chini na kushoto kulia. Kata herufi "p" gazetini, iweke kwenye slaidi, utaona "d". Usikate "o", "s" wala "x". Hizo zikigeuzwa zinabaki vilevile, na somo zima linakosa maana.

Macho yanauma

Usifumbe jicho la pili. Siku mbili za kwanza utaona meza na sampuli pamoja, siku ya tatu ubongo utakuwa umeiacha meza. Kwenye hadubini ya macho mawili, ukiona duara mbili, sogeza mirija miwili mpaka ziungane. Kama jicho moja ni safi na jingine lina ukungu, fokasi kwa jicho la mrija usio na pete kwanza, kisha zungusha pete ya mrija wa pili. Miwani ya kuona mbali au karibu unaweza kuivua, kwa kuwa skrubu itafidia. Ya astigmatizimu, yaani jicho lisilopinda sawa pande zote, ibaki.

Sioni mitokondria

Na hutaiona, si kwa kitunguu cha iodini kwa 400. Mitokondria ni vile vijiumbo vya ndani ya seli vinavyoipa nishati. Nyingi zina upana wa nusu maikromita hadi moja (maikromita ni sehemu moja ya elfu ya milimita), hazina rangi, na iodini haizitokezi. Ribosomu, kijiumbo kinachotengeneza protini, ndiyo kabisa: hadubini ya mwanga haiwezi kutenganisha vitu vilivyo karibu zaidi ya kama maikromita 0.2, hata ukikuza vipi, na ribosomu ni ndogo kuliko hapo mara kadhaa. Kwenye kitunguu chora ukuta, kiini, saitoplazimu iliyobanwa pembeni, na vakuoli, ule mfuko wa utomvu ulio katikati. Basi.

Unaweza hata kukadiria ukubwa. Weka rula inayopitisha mwanga chini ya 4x, hesabu milimita zinazoenea kwenye duara. Gawanya kwa 10 upate duara la 40x. Kama ni 0.45, na seli za shavu zinaingia saba na kitu zikipangwa mstari mmoja, kila moja ina kama maikromita 60. Jibu likikutoka milimita 60, umeweka tundu lote la mdomo.

Utando kama wa buibui ndani ya lenzi

Huu hautoki kwa kufuta. Ni kuvu, na sisi wa pwani tunamjua vizuri. Anapenda giza, joto na unyevu, yaani kabati la maabara lililofungwa likizo nzima, na zaidi hadubini iliyovalishwa mfuko wa nailoni ikiwa bado ina jasho la mikono. Akishaingia ndani ya lenzi ni kazi ya fundi, na akikaa muda mrefu hula hata ngozi nyembamba iliyopakwa kwenye kioo.

Kwa hiyo jioni: rudisha 4x, toa slaidi, shusha jukwaa, futa oili, funika kwa kitambaa cha pamba kinachopitisha hewa. Kabatini acha balbu ndogo ya zamani, ile inayopata moto, iwake muda wote, au weka pakiti za silika, zile chembe za kufyonza unyevu. Silika ya bluu ikigeuka ya waridi imeshiba maji. Ikaushe kwenye oveni ya moto mdogo mpaka irudi bluu, ndipo uirudishe kabatini.